Kalenda ya kubuni bila watu ni orodha tu ya majina

Majuzi binti mmoja ninayemsimamia katika shahada ya uzamili aliniletea sura tatu za mwanzo za riwaya yake. Ni riwaya ya kifantasia. Nchi yake haipo katika ramani yoyote, ina majua mawili, mwaka una miezi kumi na wiki ina siku tisa. Majina ya miezi hiyo yamejaa herufi x na alama za ritifaa, hata nikashindwa kuyatamka kwa sauti.

Nilimuuliza swali moja tu: "Mwanangu, mama muuza samaki katika mji wako hudai madeni yake lini?"

Akanitazama kwa muda. "Prof, hilo sijalifikiria bado."

Msomaji mpendwa, swali langu halikuwa la mzaha. Kalenda huundwa ili watu wajue lini pa kupanda, lini pa kulipa, lini pa kufunga na lini pa kufungua. Ukiibuni kalenda pasi na kumbuni mtu atakayeihitaji, umebuni orodha ya majina, basi. Binti yangu alijitetea kwamba anafuata nyayo za J.R.R. Tolkien, bingwa wa fantasia. Nikamwambia vizuri, twende basi tukamtazame huyo Tolkien alifanyaje.

Tolkien alizaliwa hapa hapa Afrika, mjini Bloemfontein, Januari 3, 1892, ingawa alipelekwa Uingereza angali mtoto mdogo. Kazi iliyomlisha haikuwa utunzi wa hadithi. Alikuwa profesa wa Kiingereza cha kale katika Chuo Kikuu cha Oxford tangu 1925, kisha profesa wa lugha na fasihi ya Kiingereza hadi alipostaafu 1959. Riwaya yake kubwa, The Lord of the Rings, ilitoka kwa mafungu matatu kati ya 1954 na 1955. Mwishoni mwa fungu la tatu aliweka viambatisho, na kiambatisho cha nne, kile cha herufi D, kinahusu kalenda pekee. Wasomaji wengi hukiruka. Mimi huwaambia wanafunzi wangu waanzie hapo.

Hobbits, wale watu wafupi wakulima wa nchi ya Shire, wana mwaka wa miezi 12, na kila mwezi una siku 30 kamili. Hizo ni siku 360. Zinabaki tano. Tolkien hakuzisukuma ndani ya miezi. Aliziacha nje. Mbili, ziitwazo Yule, ni siku ya kufunga mwaka na siku ya kuufungua. Tatu zimekaa katikati ya mwaka, wakati wa kiangazi cha Ulaya, nazo ni 1 Lithe, Siku ya Kati ya Mwaka na 2 Lithe. Mwaka mrefu ukifika, huongezwa siku moja papo hapo katikati, iitwayo Overlithe, nayo ni siku ya shangwe kubwa.

Sasa hapo ndipo utamu ulipo. Wakulima hao walichoshwa na jambo ambalo hata sisi linatuchosha: tarehe ileile kuangukia Jumatatu mwaka huu na Jumanne mwaka ujao. Wakaamua kwamba Siku ya Kati ya Mwaka, pamoja na Overlithe, zisiwe na jina la siku ya wiki. Zipite tu bila kuhesabiwa. Zikabaki siku 364, ambazo ni wiki 52 kamili bila salio. Tangu hapo kila tarehe ikawa na siku yake ya kudumu. Ukizaliwa Alhamisi, basi sikukuu yako ya kuzaliwa ni Alhamisi mpaka unaingia kaburini.

Fanya hesabu kwa kalamu, utaona kwamba katika mpango huo hakuna mwezi hata mmoja unaoweza kuanza siku ya Ijumaa. Tolkien aliliona hilo, akawapa watu wake utani nalo. Hobbit akitaka kukuambia kwamba jambo fulani halitatokea abadan, husema litatokea Ijumaa tarehe mosi. Na akitaka kukoleza, anataja na mwezi ambao haupo. Mfumo wa hesabu umezaa msemo wa barazani! Hapo ndipo unapojua kwamba kalenda ile ina wenyewe.

Majina ya miezi nayo hakuyaokota hewani. Mwaka 725 mtawa mmoja wa kaskazini mwa Uingereza, Bede, aliandika kitabu kwa Kilatini kuhusu kuhesabu nyakati. Ndani yake aliorodhesha majina ya miezi yaliyotumiwa na mababu zake kabla hawajaupokea Ukristo. Mwezi wa Mei, kwa mfano, uliitwa Thrimilchi kwa sababu ng'ombe walikamuliwa mara tatu kwa siku. Agosti ulikuwa mwezi wa magugu. Novemba ulikuwa mwezi wa kafara, wakati mifugo ilipochinjwa kwa ajili ya miungu. Waingereza waliyaacha majina hayo wakachukua ya Kirumi. Tolkien aliyafufua, lakini kwa ujanja wa mwanaisimu: aliyafanya yaonekane yamepita midomoni mwa watu kwa karne nyingi. Thrimilchi ikawa Thrimidge. Weodmonath ikawa Wedmath. Yamechakaa kama sarafu iliyozunguka sokoni.

Tena aliwapa watu wake tofauti za kilahaja. Mwezi wa Oktoba wenyeji wa Shire waliuita Winterfilth, ambapo sehemu ya mwisho ina maana ya kujaa au kukamilika. Majirani wao wa mji wa Bree, walioutamka kwa namna nyingine, wakawacheka kwa kuwa neno hilo linasikika pia kama uchafu. Wale wa Shire nao wakajibu kwamba jina lao ndilo la asili na la Bree ndilo lililoharibiwa. Nani kati yetu hajasikia ubishi wa namna hiyo baina ya Mmvita na Mwamu?

Twende kwenye siku za wiki, maana hapo Mswahili atajiona kwenye kioo. Wiki ya Hobbits huanza Jumamosi na kuishia Ijumaa. Siku ya kwanza ni Sterday, ya nyota. Ya mwisho ni Highday, na hiyo ndiyo kuu: kazi huachwa adhuhuri na jioni ni karamu. Wanairobi waliobatiza siku hiyo "Furahiday" wangekaribishwa Shire bila viza.

Na sisi je? Jumamosi ni juma la mosi, siku ya kwanza. Jumapili ni ya pili, halafu tatu, nne na tano. Kisha unafika Alhamisi, neno la Kiarabu lenye maana ya siku ya tano. Unaona ajabu hiyo? Wiki yetu ina siku mbili za tano zinazofuatana. Jumatano ni ya tano kwa anayeanza kuhesabu Jumamosi, na Alhamisi ni ya tano kwa Mwarabu anayeanza kuhesabu Jumapili. Halafu inafunga Ijumaa, siku ya kukusanyika. Katika maneno saba umepata historia ya pwani nzima: hesabu ya Kibantu, jirani wa ng'ambo ya bahari, na msikiti. Hakuna kamati iliyokaa ikaamua hivyo. Ni watu walioishi pamoja wakatumia walichokuwa nacho.

Tolkien aliijua kanuni hiyo. Wiki ya Hobbits imepita mikono mitatu. Kwanza ilikuwa ya Elves, wale viumbe wasiokufa, nayo ilikuwa ya siku sita: nyota, jua, mwezi, miti miwili mitakatifu, mbingu, na wakuu wa ulimwengu. Kisha ikachukuliwa na watu wa kisiwa cha Númenor, ambao waliiacha ile miti miwili wakataja mmoja tu, kisha wakaongeza siku ya saba. Siku hiyo waliipa bahari, kwa kuwa walikuwa mabaharia. Hobbits wakairithi wiki hiyo, wakaifupisha majina, na punde wakasahau maana zake. Hali kadhalika nasi tunasema Jumanne bila kusikia nne ndani yake. Muulize Mjaluo: kwake Jumanne ni Tich Ariyo, kazi ya pili, kwa sababu Dholuo inahesabu siku za kazi tangu Jumatatu. Mtu mmoja katika basi moja kutoka Kisumu anaitaja siku ileile kuwa ya nne na pia ya pili, na hashangai hata kidogo.

Kwa wale Elves wenyewe kalenda ni tofauti kabisa. Wana misimu sita, minne yenye siku 54 na miwili yenye siku 72, na mwaka wao mkuu ni miaka 144 ya kwetu. Kiumbe asiyekufa atahangaikaje na miezi? Hana deni la kulipa mwisho wa mwezi.

Hata hivyo, bingwa huyo naye aliteleza. Mwaka 1944, akiwa katikati ya kuandika, aligundua kwamba mwezi wake wa angani unafanya mambo yasiyowezekana: unachomoza upande mmoja wa nchi huku unazama upande mwingine kwa wakati huohuo. Alimwandikia mwanawe Christopher kuhusu usumbufu huo, na jinsi ilivyombidi kurudi nyuma kuandika upya vipande vya sura alizokwisha kuzimaliza. Nilimsomea binti yangu habari hiyo. Akacheka, lakini nikamwona anaandika kitu pembeni mwa mswada. Mwenye majua mawili ana kazi!

Huenda msomaji akasema hayo ni mambo ya hadithi. Sivyo. Kalenda za kubuni zimewahi kuwekewa watu wa kweli, na matokeo yake ni somo kwa mwandishi na kwa serikali pia.

Oktoba 1793 viongozi wa mapinduzi ya Ufaransa waliifuta kalenda ya kanisa. Waliweka miezi 12 ya siku 30, na siku tano au sita za ziada mwishoni. Kama vile Shire, waweza kusema. Wiki waliivunja wakaweka makumi: siku kumi, ya kumi ikiwa ya mapumziko. Majina mazuri ya miezi yalibuniwa na mshairi Fabre d'Églantine: mwezi wa ukungu, mwezi wa theluji, mwezi wa machipukizi, mwezi wa joto. Majina hayo yalimfaa mtu wa Paris. Mfaransa aliyekuwa Mauritius, katika bahari yetu hii ya Hindi, aliambiwa kwamba yuko katika mwezi wa theluji huku jua la Januari likimchoma kisogo. Na mfanyakazi aliyezoea kupumzika baada ya siku sita sasa alipaswa kungoja tisa. Fabre mwenyewe alikatwa kichwa Aprili 1794. Kalenda yake ilijikokota mpaka Napoleon alipoizika, na Januari 1, 1806 Ufaransa ikarudi kwenye hesabu ya zamani.

Kasoro ilikuwa nini? Si hesabu. Hesabu yake ni sawa na ya Wahabeshi, ambao mpaka leo wana miezi 12 ya siku 30 na kamwezi kadogo ka siku tano au sita kiitwacho Pagume, na maisha yanaendelea vizuri tu. Kasoro ni kwamba kalenda ile iliwakuta watu wana soko lao, ibada yao na mapumziko yao, ikayapuuza yote matatu.

Sasa nirudi nyumbani, maana hapa ndipo linaponiuma. Pwani yetu ilikuwa na kalenda ya mwaka wa jua yenye muundo uleule wa 360 na tano. Mwaka ulianza siku ya Nairuzi, neno la Kiajemi lenye maana ya siku mpya. Kutoka hapo mabaharia na wakulima walihesabu kwa miongo, yaani makumi ya siku. Miongo 36 hufanya siku 360, kisha siku tano za kumalizia. Nahodha alijua katika mwongo gani kaskazi hutulia na katika mwongo gani kusi huvuma. Kwa kuwa hesabu hiyo ya jadi haikuwa na mwaka mrefu, Nairuzi ilirudi nyuma siku moja kila baada ya miaka minne. Makunduchi, Unguja, bado wanaisherehekea kila Julai kwa jina la Mwaka Kogwa.

Sambamba na hiyo ilikuwepo kalenda ya mwezi wa angani. Ramadhani ikiisha, Mswahili alianza kuhesabu upya: mfungo mosi, mfungo pili, mfungo tatu, mpaka mfungo tisa, kisha Rajabu, Shaabani, na Ramadhani yenyewe. Wengine husema mfunguo, na hapo maana inang'aa zaidi: ni miezi ya kufungua, ya kutofunga. Mfungo sita ndio mwezi wa Maulidi. Kalenda mbili, moja ya ibada na moja ya bahari na shamba, na mtu mmoja alizibeba zote kichwani bila kuchanganyikiwa. Hata serikali ya leo inaishi katika miaka miwili kwa mpigo, mmoja wa Januari na mwingine wa fedha unaoanza Julai mosi.

Wanafunzi wangu wa fasihi wanaweza kunitajia kalenda ya Shire kwa kichwa. Darasani nilipowauliza mfungo sita ni mwezi gani, kati ya watu 30 na ushei walijibu wawili. Siwalaumu. Hawakufundishwa. Lakini mtu anayetaka kubuni ulimwengu kwa Kiswahili halafu hajui ghala la kwao lina nini, atakwenda kuazima unga kwa jirani huku nyumbani magunia yamejaa. Shaaban Robert alitubunia Kusadikika mwaka 1951, nchi inayoning'inia hewani, akawatuma wajumbe wake sita pande zote. Aliifanya nchi hiyo kwa Kiswahili cha kwao, wala hakuhitaji herufi x.

Nina sababu nyingine ya kulishikilia jambo hili, nayo ni yangu binafsi. Tarehe yangu ya kuzaliwa ni ya kubuni.

Kitambulisho changu kinasema nilizaliwa Januari 1, 1961. Marehemu mama hakuwahi kusema hivyo. Yeye alisema nilizaliwa wakati wa mvua ile kubwa iliyobeba madaraja, maharagwe yakaoza shambani, na Mzee Kenyatta alikuwa ameshatoka kizuizini. Mzee aliachiliwa Agosti 1961, na mvua zile za gharika zilinyesha miezi ya mwisho ya mwaka huo. Kwa hiyo mama alinipa tarehe iliyo sahihi kabisa kwa yeyote anayejua kusikiliza. Lakini siku niliyopelekwa shule, aliyekuwa akiandikisha watoto aliuliza, "Tarehe ngapi?" Mama akamsimulia mvua. Yule bwana hakuwa na nafasi ya mvua katika daftari lake. Akaandika Januari mosi, kama alivyowaandikia wenzangu kadhaa wa darasa lile. Nikazeeka miezi kumi kwa wino.

Kwa miaka mingi nililifanya jambo hilo kichekesho. Nilipofika umri wa kuanza kuhesabiwa siku za kustaafu, nikaona kwamba hesabu hiyo inaanzia kwenye tarehe ya yule bwana na si kwenye mvua ya mama. Ofisi nilikokwenda kuulizia waliniomba ushahidi wa maandishi. Ushahidi wangu ulikuwa mwanamke mmoja, naye keshafariki.

Ndiyo maana simcheki anayekaa chini kubuni kalenda. Namtaka tu aone uzito wake. Tolkien aliona kwamba hesabu ya siku ni kumbukumbu ya walioishi nazo: mabaharia waliopata siku ya bahari, wakulima walioziacha siku mbili zipite bila jina ili mambo yao yanyooke. Wafaransa wa 1793 waliiona kama amri. Yule bwana wa daftari hakuona chochote zaidi ya nafasi tupu ya kujaza.

Binti yangu alirudi baada ya wiki mbili. Majua yamebaki mawili, lakini ritifaa zimepungua. Mwaka wa mji wake sasa unaanza siku ambayo bahari hutulia na nyavu kurudi majini. Miezi ile mibaya ya upepo mkali, ambayo wavuvi hawatoki na wenye maduka wanawakopesha, ameiita Madeni ya Kwanza na Madeni ya Pili. Mama muuza samaki anadai pesa zake siku ya tatu baada ya nyavu kurudi, kwa maana siku ya kwanza samaki ni wa kula nyumbani na ya pili ni ya wenye vyombo.

"Na watu wanaitamkaje hiyo Madeni ya Kwanza wakiwa na haraka?" nikamuuliza.

"Madekwa," akajibu papo hapo.

Nikamwambia aendelee na sura ya nne.

Nawe msomaji, kama nyumbani kuna mzee ambaye bado anazihesabu siku kwa mfungo, kwa mwongo, kwa rika, kwa njaa au kwa nzige, mkalie leo umuulize ulizaliwa lini. Usimkatize anapoanza na mvua. Andika kila neno, uweke na tarehe ya siku uliyoandika.